Biashara ya Kimya ya Marcelline

Marcelline hajui kukaa. Hata kanisani, mahubiri yakiendelea, utaona goti lake linachezacheza chini ya kitenge kama mtu anayekanyaga cherehani. Anauza sombe, yaani majani ya muhogo, makayabu ya samaki wa chumvi na mawese kwenye meza moja Isipingo, kusini mwa Durban, karibu na stendi ya taksi, yale mabasi madogo ya huku, upande wa pili wa barabara kutoka saluni ninayosukia. Ana ndoo aliyoigeuza kuwa kiti, lakini sijawahi kumwona ameikalia. Ndoo ni ya wateja waliochoka. Yeye anasimama, anapanga, anapangua, anayanyunyizia majani maji, anainua kichwa kuangalia nani anakuja.

Mimi mwenyewe ni mtu wa wasiwasi, ndiyo maana tulielewana mapema. Nikisikia honi ndefu naacha kichana hewani. Mwanangu Peguy anafanya kazi Mobeni, kwenye ghala, na asipojibu simu yangu mara ya kwanza, tayari nimeshamzika. Marcelline hanicheki kwa hilo. Naye ana binti yake, Laurette.

Marcelline alizaliwa Uvira, Kongo, mama yake alikuwa anauza ndagala kavu. Vita vilipowatoa, alivuka nchi baada ya nchi akiwa na mume wake, Baudouin, na mtoto mgongoni, mpaka wakafika Durban kwa sababu mtu fulani aliwaambia kwamba Durban hakuna baridi. Baudouin alisogea tena, akaenda Cape Town kutafuta kazi. Simu zake zikaanza kuchelewa, halafu zikakoma. Marcelline hakulia mbele ya mtu. Alipanga viatu kwenye ghala la Mobeni mpaka kazi ikaisha, ndipo akachukua meza ya Isipingo kutoka kwa mwanamke aliyekuwa anahama. Meza hiyo ndiyo inayomlisha. Meza hiyo ndiyo iliyomweka Laurette chuoni Westville, ambako anasoma historia. Ukimwondoa Marcelline kwenye meza ile, umemwondoa Laurette darasani.

Ijumaa moja wakaja vijana. Walivaa fulana za rangi moja, mmoja ana kipaza sauti. Walipita meza kwa meza wakiuliza watu wametoka wapi. Wamalawi wanaouza viatu walifunga mizigo palepale. Walipofika kwa Marcelline hawakumpiga wala hawakumwaga kitu. Yule wa kipaza sauti alikishusha, akasema kwa sauti ya kawaida, na hiyo ndiyo iliyonitisha zaidi: kuanzia leo hatutaki kuona sura yako kwenye meza hii, na Ijumaa ijayo tutapita kuangalia.

Niliona yote kupitia kioo cha dirisha la saluni, na maneno yenyewe Marcelline alinirudia jioni ile. Mikono yangu iliganda kwenye kichwa cha mteja mpaka akaniuliza kama nimelala.

Kesho yake Laurette akaja kusukwa. Huwa anakuja Jumamosi na vitabu vyake, anasoma huku mimi nasuka, na mama yake anazunguka chumbani akigusa kila kitu. Siku hiyo Marcelline alikuwa amebaki nyumbani kwa hofu mpaka mchana, halafu nyumba ikamshinda, akaja kwangu.

"Maman, kaa basi," Laurette alisema. "Unanizungusha kichwa kuliko tantine anayenisuka."

"Nikae wapi? Sombe iko inaoza nyumbani."

"Unasoma nini?" nikamwuliza mtoto, ili tubadilishe maneno.

"Wafoinike. Mwalimu Jael anatupa mtihani." Mwalimu Jael ni Mkenya, anafundisha chuoni, na Laurette akimtaja ananyoosha mgongo.

"Hao ni kina nani?"

"Watu wa Tiro na Sidoni, tantine."

"Ah, kumbe wa Biblia."

"Hiramu aliyempa Sulemani mierezi," Marcelline akasema akiwa dirishani. "Na mjane wa Sarepta, aliyekuwa na konzi moja ya unga."

"Na Yezebeli," nikaongeza. Sipendi watu wasifiwe upande mmoja.

Laurette akacheka. Alituambia kwamba nchi yao ilikuwa kipande chembamba, milima nyuma, bahari mbele, hakuna pa kulima sana. Kwa hiyo walibeba. Walibeba mbao, vioo, divai, nguo za zambarau ambazo rangi yake ilitoka kwenye konokono wa baharini na ilinuka vibaya wakati wa kutengenezwa, lakini wafalme waliigombania. Walibeba hata herufi zao, Wagiriki wakazichukua, wakazigeuza kwa mahitaji yao, na kutoka kwa Wagiriki zikaenda kwa wengine mpaka zikatufikia sisi. Walikuwa na mji mwingine, Karthago, huku kwetu Afrika, upande wa Tunisia. Na watu wa Karthago, alisema, walikuwa na namna moja ya kufanya biashara na watu wa pwani ya mbali ambao hawakujua lugha yao.

"Wanafika, wanashusha bidhaa, wanazipanga ufukweni. Halafu wanarudi merikebuni na kuwasha moshi. Wenyeji wakiona moshi wanakuja, wanaweka dhahabu kando ya bidhaa, wanaondoka mbali. Wale wa merikebu wanashuka, wanaangalia. Dhahabu ikitosha wanaichukua na kwenda zao. Isipotosha hawaigusi, wanarudi kungoja, mpaka wenyeji waongeze. Hakuna anayesema neno. Hakuna anayeonana na mwenzake uso kwa uso."

Marcelline aliacha kutembea. Nilimtazama kwa sababu kimya cha miguu yake kilikuwa kigeni.

"Na hakuna aliyeiba?"

"Mgiriki mmoja wa zamani ndiye aliyeandika, anasema hakuna. Lakini Mwalimu Jael anasema tusiamini haraka. Wafoinike wenyewe wameacha maandishi machache. Karibu yote tunayoyajua tumeyasikia kwa majirani, na wengine walikuwa maadui zao."

"Kama sisi," nikasema. "Habari zetu zote wanazisema wasiotupenda."

Marcelline hakuwa ananisikia. "Nilikwambia wale vijana walisema nini, Mama Peguy? Neno kwa neno."

"Walisema hawataki kuona sura yako."

"Sura," akasema. "Hawakusema sombe."

Laurette akageuka ghafla, rasta ikaniponyoka mkononi. "Maman, hapana. Hiyo hadithi iko ya miaka zaidi ya elfu mbili."

"Na njaa iko ya miaka mingapi?"

Jumatatu asubuhi alifika kabla ya mimi kufungua. Alipanga meza kama siku zote: sombe iliyotwangwa kwenye mifuko, makayabu yamelala kwa safu, chupa za mawese nyuma. Katikati akaweka kopo lililo wazi. Halafu akavuka barabara, akaingia saluni, akasimama nyuma ya pazia langu akachungulia. Nilimwambia kwamba tutauawa sote wawili. Akasema, "Wewe suka."

Wa kwanza alikuwa Papy, Mkongo mwenzetu anayetengeneza simu jirani. Aliangaza huku na huku, akaita, "Mama Laurette. Eh, Mama Laurette. Uko chini ya meza?" Halafu akamwona kwenye dirisha letu. Akaja mpaka mlangoni.

"Sasa umekuwa mashine ya benki? Nikibonyeza wapi samaki inatoka?"

"Weka hela mu kopo, uende," Marcelline akamjibu kwa kunong'ona. "Na usiniite jina."

"Eish. Na chenji?"

"Wafoinike hawana chenji."

Papy alinitazama mimi, nikatazama chini. Alienda akaweka hela, akachukua sombe, akaipigia meza saluti.

Akaja mama mmoja Mhindi ambaye hununua majani kila wiki. Huyo hakuuliza. Alisimama kidogo, akatazama kopo, akalipa, akafunika makayabu kwa gazeti lililokuwa limepeperuka, akaenda. Akaja kondakta wa taksi, akachukua samaki mkubwa, akatupia sarafu kwenye kopo huku anaondoka. Tulisikia mlio wake mpaka saluni, mlio mdogo.

"Huyu anatania," Marcelline akasema, na tayari alikuwa ameshika kitasa cha mlango.

Lakini kabla hajatoka, MaCele alikohoa. MaCele ni bibi wa Kizulu mwenye meza inayopakana na ya Marcelline. Anauza madumbe, yaani magimbi ya huku, vikapu, na vifungu vya majani makavu ya kijivu yanayoitwa imphepho. Ni mwanamke mnene, mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi, na walikuwa wamekaa jirani miaka miwili bila kuambiana zaidi ya salamu. Alikohoa tena, kwa nguvu, akimtazama kondakta. Kondakta akarudi, akaongeza. MaCele akakohoa mara ya tatu. Akaongeza tena.

Siku ile haikuwa mbaya. Jumanne ilikuwa nyembamba zaidi. Wateja wengi walipita wakidhani meza imetelekezwa, wengine waliogopa kuonekana wakigusa kitu kisicho na mwenyewe. Marcelline alizunguka nyuma ya pazia langu siku nzima, alivuka na kurudi akiwa amejifunika mtandio mpaka puani, akapangua na kupanga. Mimi nilihesabu fulana za rangi ile kila zilipopita, hata zilipokuwa za watoto wa shule.

Jioni akasema, "Moshi. Tumesahau moshi."

"Moshi wa nini?"

"Wale wa merikebu waliwasha moshi ndipo watu wakaja. Bila alama mtu atajuaje kwamba biashara iko wazi?"

Hapo ndipo kosa lilipoingia, na nakiri kwamba hata mimi sikuliona. Mhindi wa duka la kona huwasha ubani mlangoni kila asubuhi kabla ya mteja wa kwanza. Marcelline aliuona moshi ule kila siku na akajua maana yake: duka limefunguliwa, Mungu alete wateja. Na MaCele naye alikuwa anauza majani ya kuchoma yenye harufu nzuri. Kwa hiyo sisi tulidhani imphepho ni ubani wa Wazulu. Kila kabila na ubani wake. Nilidhani hata inafukuza inzi, jambo linalofaa kwa samaki.

Jumatano asubuhi Marcelline alinunua kifungu kwa MaCele. MaCele alimtazama juu ya miwani, akataka kusema kitu, akaacha. Marcelline aliweka majani kwenye kigae mbele ya meza, akayawasha, moshi mweupe ukapanda ukiwa mzito na mtamu, na yeye akakimbilia kwangu kujificha.

Hakuja mtu.

Watu walikuwa wanakuja barabarani kama kawaida, wanaukaribia moshi, halafu wanashuka kwenye lami na kuizunguka meza kwa mbali, taksi zikiwapigia honi. Mzee mmoja alivua kofia. Wasichana wawili waliokuwa wanacheka walinyamaza walipofika pale, wakaanza tena kucheka walipofika kwenye roboti, taa za barabarani. Kondakta yule wa samaki alitokea, akanusa, akageuka alikotoka.

"Wanaheshimu," Marcelline akasema.

"Wanaogopa," nikasema.

"Heshima na woga iko ndugu."

Mpaka mchana hakuna mkono uliogusa meza. Hakuna mwizi, hakuna mnunuzi. Sombe ilianza kubadilika rangi. Papy alipopita nilimwita ndani, naye akatuambia, kwa sababu amekaa na Wazulu kwenye nyumba moja: imphepho siyo ubani wa duka. Wanaichoma wakitaka kuongea na wazee wao waliokufa. Ukiichoma, umewaita. Wanakuja, wanasimama, wanangoja uwaambie ulichowaitia.

Marcelline alikaa. Alikaa kwenye kiti changu cha wateja, na kilimwenea vibaya, kama mtu aliyekaa kwenye kiti cha daktari.

"Nimeita wafu wa watu," akasema.

"Na ukawakimbia," Papy akasema. "Saa hizi wako pale wanaangalia makayabu."

"Toka," nikamwambia Papy.

Habari kama hiyo haitembei, inapanda taksi. Kabla ya jua kushuka Pasta Israël wa kanisa letu alimpigia Marcelline simu. Sauti yake ni kubwa, nami nilikuwa karibu, nikasikia. Mama Laurette, ni kweli unafukizia mizimu pale sokoni? Marcelline akasema alidhani ni ubani. Pasta akasema shetani hana haja ya mtu anayejua, anamtaka asiyejua. Akamwambia Jumapili asisimame na kwaya ya wamama, akae kwanza, na ile meza aiache kabisa, kwa kuwa mahali pale pameshachafuka. Marcelline alijibu, "Ndiyo, Pasta. Ndiyo, Pasta." Halafu akaniuliza mimi, siyo pasta, "Nikiiacha, Laurette atakula nini, zambarau ya Tiro?"

Laurette alipopigiwa simu alicheka kwanza, na mama yake akamwacha acheke. Baadaye akasema, "Maman, umefanya kama Wafoinike wenyewe. Walikuwa wanachukua hirizi za Wamisri, zenye majina ya miungu ya Misri, wanatengeneza na zao za kuiga, wanawauzia watu wa visiwa vya mbali ambao hawakujua hata kidogo zinasema nini."

"Na hao watu walipata nini?"

"Walizivaa shingoni. Wakazikwa nazo."

"Hiyo siyo jibu zuri, Laurette."

Alhamisi asubuhi Marcelline hakuwasha kitu. Alipanga bidhaa mpya akavuka, kwa mwendo wa mtu anayetoka kwenye msiba. Watu bado walizunguka. Meza yake ilikuwa imeshakuwa mahali pa jambo fulani ambalo halijamalizika. Na nikaona kitu kingine: hata kwa MaCele hakuna aliyesimama. Madumbe yake yalikuwa lundo lilelile la jana.

Kama saa nne MaCele alivua aproni, akamwambia jirani wa upande wa pili amwangalizie, akavuka barabara. Hakuwahi kuingia saluni kwangu hata siku moja. Alijaza mlango. Nilijua amekuja kwa hasira, nikasogeza mkasi mbali na meza, sijui kwa nini.

"Yuko wapi huyo mtu wa moshi?" akauliza kwa Kizulu.

Marcelline akatoka nyuma ya pazia. Kizulu chake ni cha sokoni, lakini kinatosha, na anajua bibi huitwa Gogo.

"Gogo, naomba radhi. Sikujua. Nilidhani ni kama ya Mhindi."

"Ulidhani." MaCele alikaa bila kukaribishwa. "Mimi nilidhani una wafu wako. Nikasema, kila mtu ana wafu wake, nimwuzie. Sikujua unaita halafu unajificha. Mtu anapiga hodi nyumbani kwa watu, wakitoka anaruka ukuta? Tangu jana siuzi. Watu wanauliza MaCele kuna shughuli gani hapo kwako, nani amefariki. Niwaambie nini, amefariki samaki?"

Nilitaka kucheka, nikajizuia. Marcelline hakujizuia, alitoa sauti moja fupi, halafu machozi yakatoka.

MaCele alimwacha. Alitazama picha za misuko ukutani kwangu mpaka mwenzake alipomaliza.

"Kwa nini unajificha?"

"Wale vijana. Walisema hawataki kuona sura yangu."

"Kwa hiyo ukawapa meza isiyo na sura. Na watu watanunuaje kwa meza? Mimi naweza kumwona mtu mwongo kwa macho yake. Meza nitaiona nini?" Akavua miwani, akaifuta kwa sketi. "Jambo umelifungua, lifungwe. Uje ukae pale. Uwaambie wewe ni nani na kwa nini uliwaita."

"Gogo, siwezi. Mimi ni mkristo. Sisemi na wafu."

"Na mimi ni nani? Bibi yangu alikuwa Mmethodisti, na koti lake jekundu la wamama wa kanisa alizikwa nalo. Sawa. Wewe usiseme. Nitasema mimi. Wewe kaa tu, waone ni nani aliyewaita."

Marcelline alinitazama. Alikuwa ananiuliza kitu ambacho mimi siwezi kumjibu mtu. Kichwani mwangu kulikuwa na pasta upande mmoja na Ijumaa upande wa pili.

"Nitakaa," akasema. "Lakini nitakuwa nasali sala yangu."

"Sali kwa sauti ukitaka. Watasikia."

Wakavuka pamoja. Marcelline hakujifunika mtandio. Niliacha kichwa cha mteja wangu nusu, nikasimama mlangoni, na mteja naye akasimama nyuma yangu. MaCele alimwonyesha ndoo. Marcelline akaigusa, akainuka, akaigusa tena, akakaa. MaCele aliwasha majani machache, hakupiga magoti wala kuimba. Aliongea kama mtu anayemtambulisha mgeni sebuleni. Aliwataja wazee wake kwa majina, wengi, halafu akasema: huyu ni Marcelline, anatoka mbali, nchi ya ziwa, jirani yangu wa meza. Aliwaita bila kujua. Anauza majani ya muhogo. Ana mtoto chuoni. Hana baya. Mrudi mkapumzike.

Marcelline alikuwa amefumba macho, midomo inakwenda. Goti lake lilikuwa linapiga kiasi kwamba kopo lilicheza juu ya meza.

Watu walikuwa wamesimama. Ilipokwisha, mama mmoja aliyebeba mtoto akafika kwa MaCele akachagua madumbe, halafu kwa haya kidogo akaigusa sombe. "Hii inapikwaje?" akauliza. Na Marcelline, ambaye alikuwa bubu tangu Jumatatu, akaanza kueleza, na hakuacha: karanga, mawese, kitunguu, usitie maji mengi, moto mdogo, usifunue hovyo. Mama yule akacheka. "Ngoja, sista, nitasahau. Anza tena."

Usiku wa kuamkia Ijumaa sikulala vizuri, na asubuhi nilifungua saluni mapema. Nilimwambia Peguy asije Isipingo siku hiyo kwa lolote. Marcelline alikuwa kwenye meza. Amesimama, bila shaka, anapanga na kupangua.

Walikuja kabla ya saa sita, wachache kuliko mara ya kwanza, lakini yule wa kipaza sauti alikuwepo. Nilitoka nje. Sikujua nitafanya nini nje, lakini ndani sikuweza kukaa. Nilisimama kwenye ukingo wa barabara nikiwa na kichana mkononi.

"Tulikwambia nini?" yule kijana akamwuliza Marcelline.

Marcelline alifungua mdomo. MaCele akamtangulia, hakuinuka hata kidogo.

"Unatoka kwa kina nani, mwanangu?"

"Gogo, hatuna neno na wewe."

"Nimekuuliza unatoka kwa kina nani."

Kijana alijibu, kwa sababu alilelewa kujibu. Alitaja ukoo wake.

"Basi sikia. Huyu nimemwombea kwa wazee. Nimemtaja hapa, jana, watu wote wameona. Waulize. Wewe ukitaka aondoke, usimwambie yeye. Washa, uwaambie wao kwamba MaCele alikosea. Majani ninayo, nakuuzia."

Akasukuma kifungu cha imphepho mpaka ukingo wa meza yake, upande wa kijana.

Kijana alikitazama. Wenzake walitazama kwingine. Mmoja akasema polepole, "Twende, kaka." Niliona shingo ya yule wa kipaza sauti ikiwaka. Hakuwa mtu mbaya usoni, alikuwa mdogo kuliko Peguy, na hilo halikunituliza hata kidogo.

"Gogo, mnatuharibia nchi," akasema.

"Na wewe unaniharibia biashara. Nunua au pita."

"Tutarudi," akamwambia Marcelline. Siyo kwa kipaza sauti.

"Nitakuwepo," Marcelline akasema. Akainyoosha safu ya makayabu.

Wakaenda meza za mbele. Tuliwasikia kule, na huko hakukuwa na MaCele.

Jumapili Marcelline hakuimba. Alikaa benchi la nyuma, nami nikakaa naye ingawa mimi ni wa sauti ya kwanza. Pasta Israël hakumtazama, na sijui ataendelea hivyo mpaka lini. Marcelline alisema pasta ana haki ya kukasirika, na yeye ana haki ya kuuza, na Mungu atazipanga haki hizo mbili zikae meza moja, maana yeye hajui namna.

Jumatatu alikuwa mahali pake. Mteja mmoja alikuwa ameshika mfuko wa sombe, anadai apunguziwe.

"Jirani yako hapa kanipunguzia madumbe."

"Jirani yangu iko tajiri, mimi siyo tajiri."

"Nani tajiri?" MaCele akauliza.

"Wewe, Gogo. Unauza mpaka kwa waliokufa."

MaCele alicheka mpaka akashika miwani. Mteja alilipa bei yote, akaondoka akinung'unika, na Marcelline akaanza tena kunyunyizia majani maji, huku akiinua kichwa kutazama upande wa stendi. Nami nikakigeuza kiti cha saluni, mteja wangu akashangaa kwa nini hakitazami tena kioo cha kujitazamia. Nilimwambia mwanga ni mzuri zaidi hivi. Kwa namna hiyo naweza kusuka huku naiona barabara yote.